Kamba Iliyooshwa Mara Saba

Imepokewa kutoka kwa watu wa kale, Mwenyezi Mungu awarehemu wao na atusitiri sisi tuliobaki, kwamba katika mji wa Wadi Sidri palikuwa na mpimaji wa ardhi aliyeitwa Shekhe Kudama bin Wahabu. Alikuwa mja mpole, mwingi wa swala, mchache wa maneno. Kazi yake ilikuwa kuvuta kamba ya dola. Kila Amiri alipotwaa shamba la mtu kwa ajili ya barabara, ghala au zizi la farasi, Kudama ndiye aliyeitwa aseme ardhi hiyo imeanzia wapi na imekomea wapi.

Na alikuwa na ada moja iliyompa jina. Hakupima hata kiwanja cha kufugia kuku kabla ya kuiosha kamba yake mara saba, moja ya mara hizo kwa udongo. Kila alipoulizwa sababu, alisema: "Kamba hii huburutwa chini. Mbwa wameipita, punda nao wamefanya yao juu yake. Nitapimaje haki za waja kwa kitu chenye najisi?" Watu wakaustaajabia uchamungu huo. Khatibu akamtaja mimbarini. Wazazi wakawaambia watoto wao wamtazame anavyopita. Wakamwita Mwenye Kamba Tohara, na yeye, tusimsingizie wala tusimfiche, jina hilo hakulichukia.

Katika ujana wake Amiri alihitaji ardhi, na aliihitaji kwa haraka, kama dola zihitajivyo siku zote. Palitakiwa kituo ambapo matarishi wangepumzisha farasi wao. Kikatwaliwa kiwanja kilichoanzia kwenye kisima cha wasafiri kikaelekea mashariki mpaka ukingoni mwa ua wa Bi Lubaba, mwoka mikate. Kudama akaosha kamba yake, akaivuta ingali ikidondoka maji, akahesabu kamba arobaini kamili. Ilipokomea ya arobaini, wanaume sita wakalichimbia jiwe la mpaka, kubwa kama ndama aliyelala. Karani akaandika daftarini: kutoka kisimani, kamba arobaini, kila kamba dhiraa ishirini. Mwenye kiwanja akaridhishwa, akahama. Kisha dola, baada ya haraka yote ile, ikalitafakari jambo hilo kwa miaka thelathini na mmoja. Katika muda wa tafakuri hiyo kiwanja kikawa malisho ya mbuzi.

Kudama akazeeka, akaiacha kazi kwa heshima. Ndipo akaja Liwali mpya aliyetaka kituo kijengwe, na pamoja naye Amini wa Diwani ya Ardhi, ofisi itunzayo madaftari ya mipaka, jina lake Sahali bin Munkidhi. Huyu alikuwa mtu safi wa kanzu na safi wa mwandiko, aliyeamini kwamba kisichoandikwa hakijaumbwa. Akatuma watu wake wapime upya ili ukuta uinuke. Hao hawakuosha kamba. Na wengine wao, yasemwa, hawakuosha hata mikono. Wakavuta kamba kavu arobaini kutoka kisimani. Kamba ikalipita jiwe la mpaka, ikaingia uani kwa Bi Lubaba, ikalipita tanuri lake la mikate, ikakomea kizingitini mwa chumba chake. Dhiraa arobaini nzima ndani ya ua wa watu.

Daftari halikosei, alisema Sahali. Basi aliyekosea ni jiwe. Na jiwe halina miguu. Akaandika kwa mwandiko wake mzuri: Jiwe limekaguliwa, likaonekana kusogezwa. Kisha akamshitaki Bi Lubaba mbele ya Kadhi kwamba ameipora dola ardhi yake.

Kwa watu wa mji ule hapakuwa na tuhuma nzito kuliko hiyo. Mwenye kuhamisha alama za ardhi alihesabiwa miongoni mwa waliolaaniwa, na kila mtu alilijua hilo tangu alipokuwa chuoni. Kesho yake nusu ya wateja hawakuonekana kwa Bi Lubaba. Nani alishe wanawe mkate wa mhamisha mipaka?

Kadhi Mundhiri, aliyeisikiliza kesi, alikuwa mzee mwenye subira na masikio mazito. Sikio lake la kulia ndilo lililokuwa na nafuu, hivyo wenye kesi waligombania kusimama upande huo. Siku hiyo Bi Lubaba aliuwahi.

"Mheshimiwa Kadhi," alisema, "jiwe lile wanaume sita walilitumbukiza shimoni, wakakaa chini wakihema kama ng'ombe wa kulimia. Mimi nina miaka sitini na tisa na mgongo huu mnaouona. Mwanangu Sahali, hebu nionyeshe: nililibeba begani au kichwani?"

"Yawezekana ulisaidiwa, mama."

"Na nani? Mbuzi wenu?"

Watu wakacheka. Kadhi akakohoa mpaka wakanyamaza, akaamuru aitwe aliyepima. Kudama akapitishwa katikati ya watu, na waliokuwa wameketi wakasimama kwa kumstahi.

"Wewe ndiye uliyepima, ya Shekhe?"

"Ni mimi."

"Kamba ngapi?"

"Arobaini, wallahi. Haikuzidi, haikupungua."

"Na kipimo chako kilikuwa cha haki?"

"Niliiosha mara saba, Mheshimiwa Kadhi."

Mnong'ono wa kumhimidi Mola ukapita barazani. Sahali akajipangusa paji la uso kwa raha. Bi Lubaba akamgeukia mzee yule, na hakumtazama kwa hasira. Ingekuwa afadhali angekuwa na hasira.

"Kudama," alimwambia, "siku ile ulilikalia jiwe lile lile ukila mkate wangu. Jiwe lilikuwa wapi, kama si pale lilipo?"

"Nakumbuka mkate, Bi Lubaba. Nakumbuka na jiwe. Lakini nakumbuka na arobaini."

Kadhi akampa mwanamke yule muhula wa siku kumi alete hoja ya kuupinga ushahidi huo. Akishindwa, tanuri litavunjwa, ardhi itarejea kwa dola, na jina lake litanadiwa sokoni kwamba amehamisha mpaka.

Kudama akarudi kwake akiwa amesema kweli tupu, na hakujua kwa nini kweli hiyo ilimkaa kooni kama mwiba wa samaki.

Siku ya nne, baada ya swala ya dhuha, alikuwa ameketi uani akivuta uradi, akamwona mkewe, Bi Raihani, akikiburuta nje kitanda chao cha kamba. Kamba zilikuwa zimelegea, kitanda kimebonyea katikati. Bi Raihani akachota maji mtungini akaanza kukimwagia.

"Mama Wahabu," alisema Kudama, "sasa na kitanda kinakoga?"

"Nakikaza. Kimelegea mpaka tunakutana katikati kama maboga mawili kwenye gunia. Si kwamba nachukia kukutana nawe, Baba Wahabu, lakini viwiko vyako ni vikali."

"Unakikaza kwa maji?"

"Kwa nini kingine? Kamba ya katani ukiinywesha hujivuta ikafupika. Ikikauka hulegea. Kwani hujui? Kila Ijumaa ukienda msikitini ndivyo nifanyavyo, mwaka wa arobaini na tatu huu."

"Nami nikidhani..."

"Ulidhani kitanda kina imani, kikiingia Ijumaa kinanyooka chenyewe."

Alicheka, naye Kudama akataka kucheka, ila kicheko kilimfia mdomoni. Akainuka, akaweka kiganja juu ya kamba zile. Zilikuwa zinaanza kukaza, zikivutana kama ngozi ya ngoma iliyokaribishwa motoni. Mtu huyu alizijua kamba zote za dola isipokuwa hii aliyoilalia.

Akaingia ndani akatoa kamba yake ya kazi, iliyokuwa imehifadhiwa kwa ubani katika kasha. Akainyoosha ukutani ikiwa kavu: dhiraa ishirini. Akaiosha, mara saba, moja kwa udongo, kama desturi yake. Akainyoosha tena: dhiraa kumi na tisa.

Dhiraa moja tu. Lakini dhiraa moja katika kila kamba, kwa kamba arobaini, ni dhiraa arobaini. Nazo dhiraa arobaini ndizo zilizotoka kwenye jiwe la mpaka mpaka kizingitini mwa Bi Lubaba.

"Una nini, mume wangu?" aliuliza Bi Raihani, maana alimwona ameketi chini penye matope na kanzu yake nyeupe.

"Jiwe halikusogea," alisema Kudama. "Iliyosogea ni kamba. Niliisogeza mimi, kwa wema wangu."

Wapokezi wanasema kwamba Iblisi hakumjia mzee yule kwa uongo, maana angemtambua. Alimjia kwa fikihi. Akamnong'oneza: Kadhi alikuuliza idadi, nawe ukampa idadi, shahidi hujibu aulizwalo, habari ya maji hakuna aliyeitaja. Na chini ya hoja hizo nzuri palikuwa na woga mmoja usio na elimu yoyote. Jambo lile lile lililomtajisha mimbarini ndilo lililokuwa kosa. Miaka yote ile watu walisimama kumstahi, kumbe wakiiheshimu dosari.

Siku ya sita akaona adabu kwanza aende kwa Amini. Katika Diwani aliyoitumikia ujana wake wote, bawabu alimtaka kibali cha kuingia, na kibali hicho kilitolewa ndani. Akasubiri mpaka adhuhuri, alipotoka mtu mmoja aliyemtambua, akamwingiza.

Sahali alimpokea kwa mikono miwili. "Shekhe wetu! Njoo uone." Akamwonyesha ukutani palipotengenezwa fremu ya msandali. "Hapa ndipo tutakapoitundika kamba yako, wapimaji wote waitazame. Liwali mwenyewe ameridhia."

Kudama akamweleza habari ya maji, tangu kitandani mpaka kwenye jiwe. Sahali alisikiliza, kisha akaenda akafunga mlango.

"Nani mwingine anajua?"

"Mwenyezi Mungu, na mke wangu."

"Mkeo atanyamaza?"

"Ni dhahiri hujapata kuonana naye."

Sahali akaketi. "Shekhe, tunayo madaftari mia tatu na kumi na mawili. Yote yamejazwa kwa kamba yako. Ikiwa imekosea penye tanuri, imekosea mkoa mzima. Unataka niyafungue yote niandike nini? Kwamba dola ilirowa?" Akapunguza sauti, na kwa kweli alisema naye kama mwana asemavyo na baba yake. "Hukuulizwa maji. Umri wako umekwenda, jina lako ni zuri, liache lipumzike. Bi Lubaba tutamjengea tanuri jingine, zuri kuliko lile."

"Na jina lake?"

"Jina gani?"

"La Bi Lubaba. Tanuri mtalijenga kwa udongo. Jina mtalijenga kwa nini?"

Amini akaigeukia fremu ya msandali, nayo ilikuwa ikinukia vizuri mno.

Kudama akarudi nyumbani, akamsimulia mkewe. "Nikisema, Mama Wahabu, watanicheka mji mzima."

"Watakucheka," alikubali Bi Raihani. "Mimi pia nitacheka, kwa sababu ni jambo la kuchekesha, mtu kuiosha haki mpaka ikapungua. Nikishamaliza kucheka nitakutilia chakula." Kisha akamwekea mkono begani, akakaa hivyo mpaka mumewe alipomaliza uradi.

Siku ya kumi baraza la Kadhi lilifurika. Bi Lubaba alikuja na jirani mmoja tu. Hakuwa na hoja mpya. Alikuwa na mgongo ule ule na miaka ile ile. Sahali alikuja na daftari limefungwa kwa hariri. Kadhi akauliza kama mshitakiwa ana la kusema, na kabla hajajibu, watu wakapishana mlangoni. Aliingia Shekhe Kudama, kamba begani, na beseni la maji limeegemezwa kiunoni kama mwanamke atokaye mtoni.

"Mheshimiwa Kadhi," alisema, "mimi nimekosea."

Kadhi akageuza sikio lake la kulia. "Umesemaje?"

Ikambidi aseme kwa sauti ya juu zaidi, na hii pia iliandikwa katika mitihani yake. "Mimi nimekosea! Nilisema kweli nusu mbele yako, na nusu ile imemuumiza mja. Naomba dhiraa ya shaba ya mahakama, ile fimbo ya kupimia."

Ikaletwa. Karani wa Kadhi mwenyewe akaipima kamba ikiwa kavu: ishirini. Kudama akapiga magoti mbele ya watu akaiosha mara saba, na kila mwosho aliuhesabu kwa sauti kama alivyozoea. Karani akaipima tena: kumi na tisa na kitu kidogo kisichotosha kugombaniwa. Kudama akafafanua hesabu mpaka kizingitini mwa Bi Lubaba. Halafu nyuma kabisa mtu mmoja akasema, "Yaani miaka yote hiyo aliyekuwa akinyauka ni mkoa?" Baraza likapasuka kwa kicheko. Walicheka wachuuzi, wakacheka wanafunzi, akacheka hata khatibu, aliyejitahidi kukigeuza kikohozi. Kudama alibaki amepiga magoti, maji yakimtiririka viwikoni, akangoja kiishe.

Sahali akasimama. "Napinga, Mheshimiwa! Habari ya maji haimo daftarini!"

"Hata mvua haimo, mwanangu," alisema Kadhi, "na hunyesha."

Kisha akahukumu. Dola, alisema, ilitwaa ardhi iliyopimwa siku ile, kwa kamba ile, pamoja na maji yale. Nayo ilikomea penye jiwe. Haiwezi kuichukua mara ya pili kwa kamba iliyokauka. Jiwe libaki mahali pake. Hesabu za madaftari zirekebishwe ziifuate ardhi, wala ardhi isikatwe iyafuate madaftari. Na mnadi azunguke sokoni siku tatu akitangaza kwamba Bi Lubaba hakuhamisha mpaka wala hakupora cha mtu.

Bi Lubaba alijifunika uso kwa ukaya. Kadhi alipomuuliza kama ana dai juu ya Shekhe Kudama kwa ushahidi wake wa kwanza, alijifunua.

"Siku kumi nimeitwa mwizi kwa ulimi wake," alisema. "Nilikuwa nimemwekea maneno, Mheshimiwa, maneno makali, nimeyapanga vizuri. Sasa ameyasema mwenyewe, tena mbele ya watu wengi kuliko niliotaka mimi. Nimemsamehe, duniani na akhera. Lakini, Kudama ndugu yangu, nakuomba kwa haki ya ujirani: usinioshee kitu tena."

Baada ya hapo Kudama hakuitwa tena Mwenye Kamba Tohara. Wachuuzi walimwita Mzee Dhiraa Moja, naye akaitika. Diwani kwa upande wake ilitoa amri kwamba kamba ya dola ihifadhiwe mahali pakavu, ndani ya sanduku lenye kufuli tatu, funguo zikae kwa maofisa watatu. Kwa kuwa maofisa hao hawakupata kukutana mahali pamoja, mwaka ule mzima hapakutwaliwa shamba la mtu, na mji ulipumzika.

Alasiri moja, miezi kadhaa baadaye, Kudama alikuwa amekaa kwenye baraza ya nyumba yake akamwona Sahali bin Munkidhi anakuja kwa miguu, peke yake, hana karani wala daftari. Akamkaribisha, akampa mto. Walizungumza habari za afya, habari za mvua, habari za Liwali. Kisha wakakosa cha kuzungumza, na Sahali hakuondoka.

"Shekhe," alisema mwishoni, "niliandika kwamba jiwe limekaguliwa. Jiwe lile sijapata kuliona kwa macho yangu. Sikufika. Nililiandika nimeketi."

Kudama akamgeukia.

"Kadhi hakuniuliza, na hukumu imekwisha. Hakuna anayejua. Lakini kila nikipita mtaa ule yule mama hunisalimia, tena kwa wema." Akajitazama mikono. "Ile siku mahakamani, ulianzaje? Neno lile la kwanza."

"Nilisema 'mimi'."

"Na baada ya hapo ikawa rahisi?"

Kudama akafikiri, maana hakutaka tena kutoa jibu lililopungua. "Haikuwa rahisi," alisema. "Ilikuwa fupi."

Sahali akainuka. Kisha akavaa viatu vyake, akamuaga mzee, akashuka barazani. Na Kudama akamwona anafika njia panda, anasimama, anajiweka sawa kilemba, anashika njia ya kwa Bi Lubaba.

Enyi wenzangu, wapo wanaojilinda na najisi ya mbwa kwa maji mara saba, na huo ni wema, Mwenyezi Mungu awalipe. Lakini mja huja akajua amejilinda na nini hasa siku anapopaswa kusema neno moja dogo juu ya nafsi yake, mbele ya watu waliozoea kusimama kwa kumstahi. Tunamwomba Mola atupe neno hilo likihitajika, na atupe mwenza wa kututilia chakula tukirudi.